Msuguano: neno letu, barafu ya Akalla na nusu ya ukweli tuliyokaririshwa

Naandika kutoka Akalla, huku mwisho wa reli ya chini ya ardhi, kaskazini-magharibi ya Stockholm.

Leo naomba tuweke kando kidogo mijadala ya ngeli na ya nani kamtafsiri nani, tuzungumze fizikia. Najua wapo watakaosema, huyu naye kapatwa na nini? Subirini. Safari hii inaanzia kwenye fizikia lakini itaishia kwenye lugha, hakuna pa kukimbilia.

Karibu kila aliyepita sekondari Afrika Mashariki ameikariri sentensi hii: msuguano ni kani inayopinga mwendo. Tuliikariri kwa Kiingereza, tukaiandika kwenye mtihani, tukapewa alama zetu, basi. Tatizo ni kwamba sentensi hiyo ni nusu ya ukweli, na nusu iliyoachwa nje ndiyo inayotuwezesha kutembea. Hoja yangu ni kwamba nusu hiyo imo ndani ya neno la Kiswahili lenyewe, na mafundi wetu wa pwani waliitumia kila siku. Kinachotuangusha ni namna tunavyoifundisha.

Tuanze na neno. Waingereza, Wafaransa na hawa wenyeji wetu Waswidi (wao husema friktion) wote wamelichota neno lao kwenye Kilatini, na maana yake ni kusugua tu. Hata sayansi mpya ya mambo haya, tribolojia, iliyopewa jina lake Uingereza mwaka 1966 katika ripoti ya Peter Jost, imechukua kitenzi cha Kigiriki chenye maana hiyohiyo. Kote huko kuna anayesugua na kinachosuguliwa. Sasa tazameni letu: sugua, suguana, msuguano. Hiyo -an- hapo katikati si pambo. Ni kauli ya kutendana, ileile ya gongana na mgongano, vutana na mvutano, ungana na muungano. Huwezi kusuguana peke yako. Neno linadai wawili, na linasema wazi kwamba kila mmoja anamtenda mwenzake.

Hii ndiyo sheria ya tatu ya Newton, aliyoichapisha mwaka 1687: kikisukuma hiki, kile nacho hukisukuma hiki kwa kiasi kilekile, kuelekea upande wa pili. Unapotembea, soli ya kiatu chako inaisukuma ardhi kwenda nyuma. Ardhi nayo inaisukuma soli kwenda mbele. Huo msukumo wa kwenda mbele ndio msuguano! Hapo haupingi mwendo wako hata kidogo, ndio unaokupeleka sokoni. Unachokipinga ni soli kuteleza juu ya ardhi. Kwa hiyo maana iliyo kamili ingekuwa hivi: msuguano ni kani ambayo nyuso mbili zinazogusana hutiana, kuzuia uso mmoja usiteleze juu ya mwingine. Ukiongeza maneno hayo machache, mwanafunzi haulizi tena kwa nini gari linakwenda ilhali msuguano unapinga mwendo.

Na hilo neno kani nalo lina hadithi yake. Kabla halijaingia kwenye vitabu vya sayansi, kani ilikuwa ukaidi, kushikilia jambo. Mtu aliyeshika kani hasogei. Wataalamu walipohitaji neno la kitaalamu lisilochanganyika na nguvu za kila aina, wakalichukua hilo. Kwa msuguano limekaa vizuri mno. Chukua kabati la kilo 50 lililo sakafuni. Tuseme ili lianze kuteleza linahitaji kusukumwa kwa nyutoni 200. Ukilisukuma kwa nyutoni 50, msuguano unakujibu kwa 50. Ukiongeza hadi 100, unajibu kwa 100. Usiposukuma, haufanyi kitu. Ni mkaidi mwenye adabu: anakujibu kwa kadiri ulivyomchokoza, mpaka ufike mpaka wake, halafu ghafla anaachia. Baada ya hapo kabati likishaanza kwenda, kulisogeza ni rahisi kuliko kulianzisha. Ndiyo maana vitabu hutenganisha msuguano tuli na msuguano wa mwendo. Wanafunzi wengi hudhani msuguano tuli daima ni ule wa juu kabisa, nyutoni 200, hata kama hakuna anayesukuma. Ingekuwa hivyo, kabati lingekurudishia msukumo likufukuze chumbani!

Mambo haya ukiwa Tanga au Kisumu unaweza kuishi bila kuyafikiria. Huku Akalla hayakuachi. Kwa wasiopajua: mtaa huu ulijengwa miaka ya 1970 kwenye uwanda wa Järva, ambako zamani jeshi lilikuwa likifanyia mazoezi. Majina ya mitaa yametolewa Ufini, ndiyo maana tunapita Sibeliusgången na Finlandsgatan bila kuwa Helsinki. Reli ilifika tarehe 5 Juni 1977. Kijiji cha zamani, Akalla by, bado kipo hapo kando na nyumba zake za mbao. Na kila mwaka, kati ya Novemba na Machi, ardhi yote hiyo inabadilika kuwa maabara ya fizikia, ukipenda usipende.

Siku mbaya kuliko zote, wakaazi wenzangu mtaniunga mkono, si ile ya baridi kali. Ni ile ambayo joto limepanda hadi karibu na sifuri, mvua nyepesi imenyesha juu ya barafu, usiku ikaganda. Siku hiyo wazee wa Kiswidi utawaona wanatembea kama bata: hatua fupifupi, mwili umeegemea mguu wa mbele. Wageni tunacheka, halafu tunaanguka. Hesabu yake ni hii. Mguu ukikanyaga kwa mshazari, sehemu ya msukumo wake inakwenda chini na sehemu inakwenda pembeni. Mguu ulioinama nyuzi 20 kutoka wima unahitaji msuguano wa kama 0.36 ya mkandamizo wa kwenda chini. Mguu ulioinama nyuzi 5 unahitaji 0.09 tu. Lami kavu na soli ya mpira hutoa 0.7 au zaidi, kwa hiyo unaweza kutembea kwa maringo utakavyo. Barafu yenye unyevu hutoa 0.1, mara nyingi pungufu. Fupisha hatua, utafika. Wahenga walisema kuteleza si kuanguka, lakini naona hawakuwahi kupita Akalla mwezi wa Januari.

Wenye magari hesabu yao ni kali zaidi. Gari linalokwenda kilomita 50 kwa saa, breki zikikamatwa kwenye lami kavu, linahitaji kama mita 12 kusimama. Kwenye barafu ya 0.1 linahitaji karibu mita 98. Breki ni zilezile, dereva ni yuleyule, kilichopungua ni maelewano kati ya tairi na barabara. Ndiyo maana Sweden hukupi leseni ya gari bila kupita mafunzo ya kuendesha kwenye utelezi, na ndiyo maana kuanzia tarehe 1 Desemba hadi 31 Machi tairi za majira ya baridi ni lazima barabara zikiwa na hali ya baridi. Wengine huweka tairi zenye misumari. Misumari inashika barafu, lakini pasipo na barafu inakwangua lami na kutoa vumbi ambalo watu wanalivuta mapafuni, hadi jiji la Stockholm likapiga marufuku tairi hizo katika barabara ya Hornsgatan kuanzia Januari 2010. Yaani msuguano huohuo unaokuokoa wewe unamkohoza jirani. Hakuna cha bure.

Na kwa nini barafu iteleze? Shuleni wengi waliambiwa kwamba uzito wa mtu unaiyeyusha. Tupige hesabu. Mkandamizo wa angahewa moja hushusha kiwango cha kuyeyuka kwa barafu kwa takriban nyuzi 0.007 tu. Mtu wa kilo 70 juu ya soli ya sentimita za mraba 200 hatii hata nusu ya angahewa. Hata akivaa viatu vya chuma vya kutelezea, anapata kama angahewa 11, yaani hajafikia hata sehemu moja ya kumi ya nyuzi moja. Lakini watu wanateleza hata ikiwa nyuzi 10 chini ya sifuri. Michael Faraday alikwishahisi mwaka 1850 kwamba uso wa barafu wenyewe una tabaka jembamba linalofanana na maji. Mwaka 1939 Bowden na Hughes walionyesha kwamba joto la msuguano wenyewe huyeyusha barafu chini ya kinachoteleza. Mwaka 2018 watafiti wa Amsterdam na Mainz walipima na kukuta utelezi unafika kilele karibu na nyuzi 7 chini ya sifuri, kwa sababu molekuli za juu kabisa hazijashikwa vizuri na wenzake, nazo zinabingirika ovyo. Baridi ikizidi sana zinashikwa, na utelezi unapungua.

Sasa turudi nyuma tuone watu wa Ulaya waliyajuaje haya. Leonardo da Vinci alichora majaribio ya magogo madogo yanayovutwa kwa uzito kupitia kapi. Mwaka 2016 Ian Hutchings wa Cambridge alionyesha kwamba ukurasa wa mwanzo kabisa wenye sheria hizo ni wa mwaka 1493, nao upo jumba la makumbusho la Victoria and Albert, London. Leonardo aliona mambo mawili: msuguano unaongezeka kwa kadiri ya uzito, na hautegemei ukubwa wa eneo linaloonekana kugusana. Tofali likilala kwa ubapa au kwa ubavu, ni mamoja. Lakini hakuchapisha, elimu ikalala kwenye daftari. Miaka mia mbili baadaye, 1699, Guillaume Amontons, Mfaransa aliyekuwa kiziwi tangu ujana wake, akayagundua upya na kuyapeleka kwenye Akademia ya Sayansi ya Paris. Wakubwa hawakuamini lile la eneo. Wakamtuma La Hire arudie majaribio, naye akakuta ni kweli. Sababu yake ilipatikana karne ya 20, kwa kazi ya Bowden na David Tabor: nyuso mbili hazigusani kote, zinagusana kwenye ncha ndogondogo tu, na uzito ukiongezeka ndipo eneo la kweli la kugusana linapoongezeka.

Katikati yao yupo Coulomb, na huyu ndiye anayetuhusu zaidi. Mwaka 1779 alikuwa Rochefort, bandari ya jeshi la majini la Ufaransa, na majaribio yake aliyafanya humo kwenye karakana za meli. Alivuta mbao juu ya mbao, zenye mizigo, kavu na zilizopakwa shahamu, akapima kamba zilivyo ngumu kupinda kwenye makapi. Akademia ilimpa tuzo mwaka 1781, kazi ikachapishwa 1785. Tazameni basi: sheria za msuguano tunazokaririshwa kama zimeshuka kutoka mbinguni zilitokana na gati, mbao, kamba na mafuta ya mnyama.

Nani asiyeiona hapo picha ya pwani yetu? Nenda Matondoni, Lamu, wanakounda majahazi. Chombo kinashuliwa juu ya magogo, watu wanavuta kwa kuitikiana ili nguvu zao zikutane kwa pamoja. Kwa nini kwa pamoja? Kwa sababu ya ule mpaka wa msuguano tuli: ishirini wakivuta mmoja mmoja chombo hakisogei, wakivuta kwa neno moja kinaachia, na kikishaachia usikipe nafasi ya kusimama. Chini ya maji mbao hupakwa deheni, mchanganyiko wa chokaa na shahamu, kuzilinda zisiliwe. Kazi ya shahamu mafundi wanaijua. Wakati huohuo mkwezi wa mnazi anafanya kinyume kabisa. Kitanzi cha kamba miguuni kinambana akikandamize nyayo kwenye shina, na kadiri anavyokandamiza ndivyo anavyoshika. Sheria ya kwanza ya Amontons ile, juu ya mnazi.

Halafu kuna kamba. Chombo kinapofunga gatini, kijana mmoja anazungusha kamba kwenye nguzo mara mbili tatu, anashika ncha kwa mkono, na jahazi zima linatulia. Hesabu yake iliwekwa sawa na Leonhard Euler karne ya 18. Kama msuguano wa kamba na nguzo ni 0.3, mzunguko mmoja unazidisha mshiko wako kama mara 6 na nusu. Miwili, zaidi ya mara 40. Mitatu, zaidi ya mara 280. Haijumlishi, inazidisha. Fundi seremala naye alikuwa na keke, kifaa cha kutobolea. Kamusi za karne ya 19 zimehifadhi majina ya sehemu zake: kekee ndicho chuma, msukano ndio mti unaozunguka, jivu ndicho kishikio cha juu, na uta. Kamba ya uta imezungushwa kwenye msukano. Msuguano wa kamba na mti ndio unaouzungusha, ilhali kwenye jivu fundi hautaki msuguano hata chembe. Kifaa kimoja, sehemu mbili, matakwa mawili yanayopingana. Aliyekitengeneza hakuwa mtu wa kuambiwa kwamba msuguano ni adui wa mwendo.

Sisemi, na naomba nisilishwe maneno, kwamba mafundi wetu walimtangulia Coulomb. Kujua kufanya na kujua kupima ni mambo mawili. Coulomb aliandika namba, na namba zikamwezesha mtu asiyemfahamu, katika nchi nyingine, kukokotoa kabla ya kujenga. Fundi wetu aliirithisha elimu kwa mkono, na mkono ukifa elimu inakufa. Ninachosema ni kwamba mwanafunzi aliyekulia karibu na keke na mnazi anafika darasani na nusu ya somo tayari anayo. Ni sisi tunaomnyang'anya mlangoni.

Mfano wa pili ni moto. Kupekecha kwa wazee ilikuwa kuzungusha kijiti kigumu kwa viganja ndani ya tundu la ubao laini mpaka moshi utoke. Mwaka 1798 Count Rumford alieleza jinsi, akiwa Munich, alivyofanya jambo la jinsi hiyohiyo kwa ukubwa wa kijeshi: alitoboa mzinga kwa keke butu ndani ya maji, na baada ya saa mbili na nusu maji yakachemka bila moto, watu wakashangaa. Enzi hizo wengi waliamini joto ni kitu kama kimiminika kilichofichwa ndani ya vitu. Rumford akauliza: mbona hakiishi? Ukiendelea kutoboa, joto linaendelea kuja. Basi si kitu kilichofichwa, ni kazi ya mkono iliyogeuka. Aliyewahi kupekecha moto alilijua hilo viganjani, malengelenge yakiwa shahidi.

Kuanzia hapo ikawa ni vita vya pande mbili: hapa uupunguze msuguano, pale uuongeze. Upande wa kupunguza, Waswidi wana lao. Sven Wingquist alikuwa mhandisi wa kiwanda cha nguo mjini Göteborg. Jengo lilisimama juu ya udongo wa mfinyanzi, likawa linasogeasogea, mihimili ya mashine inapinda, beringi zinaharibika. Mwaka 1907 akabuni beringi ya gololi inayojirekebisha yenyewe, na mwaka huohuo ikaanzishwa kampuni ya SKF. Kutoka SKF likazaliwa gari la Volvo, la kwanza likatoka kiwandani Aprili 1927, na jina lake ni Kilatini: ninaviringika. Siri yote imo humo. Kuteleza kumegeuzwa kuwa kuviringika.

Upande wa kuongeza, sisi tuna letu. Gurudumu la chuma juu ya reli ya chuma linaviringika kwa wepesi mno, ndiyo sifa ya reli, lakini ndiyo balaa yake kwenye mlima. Reli ya Uganda ilipojengwa kutoka Mombasa, kati ya 1896 na 1901, kwenye ukingo wa Bonde la Ufa huko Kikuyu ilibidi kwa muda mabehewa yateremshwe kwa kamba, maana mteremko ulikuwa mkali mno kwa injini. Baadaye, 1955 na 1956, zikaja zile Garratt za daraja la 59, injini 34 zilizoundwa na Beyer Peacock wa Manchester na kupewa majina ya milima yetu. Kila moja ilikuwa na uzito wa tani 252 hivi, ekseli nane za kuendesha, kila ekseli ikibeba kama tani 21. Za mvuke kubwa kuliko zote zilizowahi kupita kwenye reli ya upana wa mita moja. Kwa nini nzito hivyo? Moja ya sababu ni ileile ya mkwezi: bila kukandamiza hakuna kushika. Na pakiteleza, dereva humwaga mchanga relini, kama vile wafanyakazi wa manispaa wanavyomwaga changarawe hapa kwenye njia za Akalla. Injini ya Mount Gelai bado ipo kwenye makumbusho ya reli Nairobi. Ukienda na watoto, waonyeshe.

Sasa nifikie ninapopataka. Tanzania iliifanya Kiswahili kuwa lugha ya kufundishia shule zote za msingi za serikali mwaka 1967. Watoto wakawa wanasoma kani na msuguano kwa lugha wanayoota nayo. Lakini wakivuka mlango wa sekondari, kila kitu kinaanza upya kwa Kiingereza. Mwaka 1982 tume iliyoongozwa na Jackson Makweta ilipendekeza Kiswahili kiingie sekondari kuanzia 1985. Serikali ikakataa. Mradi wa LOITASA, ulioanza 2002 ukiwa na Birgit Brock-Utne wa Oslo na Martha Qorro wa Dar es Salaam miongoni mwa viongozi wake, ulilinganisha madarasa ya masomo yaleyale kwa lugha mbili, na waliofundishwa kwa Kiswahili walielewa na kueleza vizuri zaidi. Sera ya elimu ya 2014 ilifungua mlango kidogo, lakini hadi leo fizikia ya sekondari inafundishwa na kutahiniwa kwa Kiingereza.

Na huku? Mageuzi ya lugha za nyumbani ya Sweden yalianza kutumika mwaka huohuo wa 1977 reli ilipofika Akalla. Leo mwanafunzi aliyekuja kutoka Bukavu au Mombasa, akihitaji, sheria inampa haki ya kuelekezwa masomo, fizikia ikiwemo, kwa lugha yake ya mama. Kutekelezwa ni suala jingine, walimu hawatoshi na saa ni chache, lakini haki imeandikwa. Fikirini hilo. Mtoto wa Kiswahili ana haki ya kuelezwa msuguano kwa Kiswahili akiwa kilomita elfu kadhaa kutoka pwani, na binamu yake aliyebaki nyumbani, aliyezungukwa na Waswahili watupu, hana.

Mnajua kinachotokea kwa yule binamu. Anakariri kwamba msuguano unapinga mwendo, kwa maneno ya Kiingereza, kwa sababu swali la pili, "sasa mbona tunatembea?", hana lugha ya kuliuliza darasani. Kulifikiri anaweza. Kulisema mbele ya watu kwa Kiingereza cha Kidato cha Kwanza, huku wenzake wanasubiri kucheka, ni jambo jingine. Kwa hiyo anakaa kimya, na mwalimu anadhani kaelewa.

Najua majibu, nimeyasikia miaka mingi. Eti istilahi hazitoshi. TUKI ilichapisha Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia mwaka 1990! Eti watoto watakosa Kiingereza. Kiingereza kifundishwe, na kifundishwe vizuri, kama somo. Waswidi hawa wanasoma fizikia kwa Kiswidi na Kiingereza wanakizungumza kutuzidi wengi wetu. Hoja nzito kuliko hizo naikubali: vitabu vya kiwango cha juu kwa Kiswahili ni vichache, na kijana lazima siku moja asome vya kigeni. Kweli. Lakini atavisoma kwa faida akiwa tayari anajua msuguano ni nini. Asiyejua, kitabu kigumu kwa lugha ngumu ni barafu juu ya barafu, hana pa kukanyaga.

Kwa hiyo nawaomba mambo mawili madogo. La kwanza: wale mnaowaelekeza watoto wetu masomo huku ughaibuni, tuandike maelezo mafupi ya dhana za msingi za fizikia kwa Kiswahili, dhana kumi kwanza, kila moja na mfano mmoja wa pwani na mmoja wa hapa tulipo. Tuanze na msuguano, na tuifute ile sentensi ya nusu. La pili: wenye wazee Lamu, Pemba, Kilwa au Bagamoyo, waulizeni majina ya vifaa na ya vitendo vya kuteleza, kukaza, kulainisha, kupekecha, kabla wazee hawajatutoka. Tuyaweke hapa, tuyajadili, tubishane. Vikombe vikikaa pamoja havikosi kugongana, na sisi tukisuguana kidogo si vibaya. Bila msuguano hakuna anayesogea.